Martín de Porres, Kinyozi wa Lima

Mji wa Lima katika nchi ya Peru uliwekwa na Wahispania mwaka 1535. Watu walipohesabiwa mwaka 1614 walikuwa kama 25,000. Na zaidi ya 10,000 kati yao walikuwa watu weusi, wengi wao watumwa. Hao ndio waliojenga, wakapika, wakalea watoto wa mabwana.

Katika mji huo Martín alizaliwa mwaka 1579. Mama yake, Ana Velázquez, alikuwa mwanamke mweusi aliyekwisha kupata uhuru. Baba yake alikuwa Mhispania mwungwana. Lakini katika kitabu cha ubatizo iliandikwa ya kwamba baba hajulikani.

Alipokuwa kijana alifundishwa ukinyozi. Zamani zile kinyozi hakunyoa tu, bali alifunga majeraha, akatoa damu, akawapa wagonjwa dawa. Kisha aliingia nyumba ya watawa Wadominiko. Kwa desturi yao mwenye damu ya Kiafrika hakupokewa kuwa mtawa kamili. Basi akawa mtumishi, akifagia na kuuguza. Hata mwaka 1603 ndipo alipokubaliwa kuweka nadhiri awe ndugu.

Watumwa, wenyeji wa Peru, na mabwana, wote aliwauguza kwa mikono ile ile, hata alipofariki mwaka 1639. Kanisa la Roma lilimtangaza kuwa mtakatifu mwaka 1962. Sisi hatuwaombi watakatifu, lakini twaweza kujifunza kwao. Basi tukiitwa kwa mgonjwa, tusiulize kwanza ni wa ukoo gani.