Kawawa: Mwigizaji wa sinema aliyekuwa Waziri Mkuu

KABLA ya kuitwa Simba wa Vita, Hayati Rashidi Mfaume Kawawa alikuwa nyota wa sinema, na pengine Mtanganyika wa kwanza kustahili jina hilo.

Alizaliwa Mei 27, 1926 katika kijiji cha Matepwende, Songea, akiwa mtoto wa mwindaji wa tembo. Shule ya msingi alisoma Liwale, bara ya Kilwa, ambayo leo ni wilaya ya Mkoa wa Lindi, kisha akaenda Dar es Salaam na Tabora. Nafasi ya kusoma Makerere aliiacha, akachagua ajira ya serikali ili awasomeshe wadogo zake.

Ajira hiyo ilikuwa katika ustawi wa jamii, na ndiyo iliyomfikisha mbele ya kamera. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, serikali ya kikoloni ilishirikiana na kampuni ya Afrika Kusini kutengeneza sinema za Kiswahili, zikiigizwa na Waafrika wenyewe. Kawawa alikuwa mwigizaji mkuu wa Muhogo Mchungu, kisa cha mtu wa shamba anayeingia Dar es Salaam na kuangukia mikononi mwa walaghai. Alionekana pia katika Chalo Amerudi.

Wakoloni walitaka sinema zifundishe. Watazamaji, kwa upande wao, walipata kitu kingine: kumwona mwenzao akizungumza lugha yao kwenye kitambaa cheupe kilichozoea kuonyesha Wazungu.

Umaarufu huo haukumfanya mtumishi mtiifu. Aliongoza chama cha Waafrika watumishi wa serikali, na mwaka 1955 akawa Katibu Mkuu wa kwanza wa Shirikisho la Wafanyakazi Tanganyika (TFL). Mtumishi wa serikali hakuruhusiwa kujiunga na siasa, hivyo mwaka 1956 akaacha kazi, na mshahara uliokuwa tegemeo la ndugu zake ukaachwa nao.

Yaliyofuata yanajulikana zaidi. Januari 22, 1962, Mwalimu Julius Nyerere alipojiuzulu, Kawawa alishika uwaziri mkuu akiwa na umri wa miaka 35. Baadaye alikuwa Makamu wa Rais, na kati ya 1972 na 1977 akawa Waziri Mkuu tena.

Hakurudi kuigiza, lakini sinema haikuwa mbali naye. Mwaka 1968, akiwa Makamu wa Pili wa Rais, serikali iliunda Kampuni ya Filamu Tanzania. Katikati ya miaka ya 1970 kampuni hiyo ilitoa Fimbo ya Mnyonge, juu ya kijana anayekimbilia mjini, anakosa kazi, kisha anaona faida ya kijiji cha ujamaa. Ni kinaya kisichofichika: serikali huru, yenye nyota wa Muhogo Mchungu kileleni, nayo ilikuwa ikimwonya mwanakijiji juu ya mji.

Kawawa alifariki dunia Desemba 31, 2009 akiwa na umri wa miaka 83, akazikwa Madale, Dar es Salaam.