Ernest Genval: mwimbaji aliyetuachia filamu bubu

Ernest Genval, ambaye jina lake halisi lilikuwa Ernest Thiers, alizaliwa Liège, Ubelgiji, mwaka 1884. Kabla ya kushika kamera alikuwa mtunzi na mwimbaji; katika Vita Kuu ya Kwanza aliwaimbia askari wenzake. Miaka ya 1920 alikuja Kongo kupiga picha za sinema kwa ajili ya makampuni ya kikoloni, na mwaka 1927 akatoa Le Congo qui s'éveille, yaani Kongo inayoamka. Filamu hiyo haina sauti. Maelezo yake ni maandishi ya Kifaransa.

Mimi ninayesoma isimu hapa Likasi, kimya hicho ndicho kinachoniuma. Miaka ileile, katika kambi za Union Minière, Waluba, Wabemba na watu wa Rwanda walikuwa wakikutana, na Kiswahili chetu cha Katanga kikikomaa vinywani mwao. Kamera ilichukua kazi ya mikono yao. Lugha yao haikuingia.

Genval alifia katika kambi ya Dachau mwaka 1945. Watoto wa wachimbaji wale leo ni wazee, na sisi sote tuna simu zinazorekodi. Twende tukawasikilize.