Granville Orde-Browne na Suala la Vibarua wa Msimu Katika Tanganyika

Kabla ya reli kufika Dodoma, Mvumi ilikuwa miongoni mwa vituo vya Ugogo ambavyo misafara iliyotoka pwani kwenda Unyanyembe ilivihofia. Hapo watemi walitoza hongo, aghalabu kwa vitambaa, ndipo msafara ukaruhusiwa kuchota maji, kununua nafaka na kuendelea na safari. Wapagazi, wengi wao Wanyamwezi, walikuwa wageni wa muda, na Wagogo walikuwa na utaratibu wao wa kuwapokea na kuwaachia. Yafaa jambo hilo likumbukwe, kwa sababu historia ya sheria za vibarua huandikwa mara nyingi kana kwamba ilianzia ofisini Dar es Salaam.

Granville St John Orde-Browne, ambaye jina lake limefungamana na ofisi hiyo, alizaliwa mwaka 1883. Alianza maisha kama afisa wa mizinga katika jeshi la Uingereza, kisha mwaka 1909 akajiunga na utawala wa Kenya. Huko aliishi miongoni mwa Wachuka na majirani zao walio kusini mashariki mwa Mlima Kenya, akaandika juu yao kitabu kilichochapishwa mwaka 1925. Jina la kitabu hicho liliwaita makabila yanayotoweka. Hofu hiyo, kwamba kijiji cha Kiafrika kingeweza kusambaratika mbele ya macho ya watawala, haikumwacha alipohamia Tanganyika na kukabidhiwa suala la kazi.

Nchi aliyoikuta ilikuwa na jeraha. Katika Vita vya Kwanza vya Dunia Wajerumani, na baadaye Waingereza, walichukua wanaume wa Ugogo kuwa wapagazi na kutwaa ng'ombe na nafaka zao. Ukame ulipofuata, njaa ya Mtunya ya miaka ya 1917 hadi 1920 iliua watu wanaokadiriwa kuwa 30,000 katika jamii ya watu wapatao 150,000. Kwa mwenyeji wa Mvumi aliyenusurika, kuitwa na serikali kwenda kufanya kazi mbali na nyumbani hakukuwa suala la mshahara tu.

Mwaka 1926 Idara ya Kazi iliundwa chini ya Gavana Donald Cameron, naye Orde-Browne akawa kamishna wake. Mashamba ya mkonge ya Tanga na yale ya kandokando ya Reli ya Kati yalihitaji watu wengi kuliko waliopatikana jirani. Vibarua walitoka Usukuma, Unyamwezi na Uha, na wengine walivuka mpaka kutoka Ruanda-Urundi na Msumbiji. Hapa pana kinaya ambacho nyaraka za utawala hazikukijali: hadi wakati wa vita Mrundi na Mgogo walikuwa chini ya dola moja la Kijerumani. Mrundi alifanywa mgeni na mstari uliochorwa kati ya Wabelgiji na Waingereza, ilhali njia aliyoipita ilikuwa ile ile. Njaa ya Rwanda ya 1928 na 1929 iliwasukuma wengi zaidi kuvuka mstari huo.

Kazi ya idara ilikuwa kuwalinda watu hao: mkataba uthibitishwe mbele ya afisa wa serikali, kibarua apimwe afya, apate chakula na mahali pa kulala njiani, na arudishwe kwao muda wake ukiisha. Kiswahili kilishuhudia mabadiliko hayo. Aliyeajiriwa kwa mkataba na kupewa nambari akaitwa manamba, neno ambalo halikupata kamwe kuwa la heshima. Kipande nacho kikagawanyika: Kenya kilikuwa cheti cha utambulisho ambacho mwanamume alilazimika kukibeba, na Tanganyika kikawa kadi ya siku 30 za kazi, ambazo zilipotimia ndipo mshahara ukalipwa. Sambamba na manamba walikuwapo waliokwenda kwa miguu yao wenyewe baada ya mavuno na kurejea kulima mvua zilipokaribia. Wagogo wenye mifugo walipendelea kuuza ng'ombe ili walipe kodi, na wengi walikwenda mashambani hasa katika miaka ya ukame.

Utaratibu huo ulimchukulia kibarua kama mwanakijiji aliye safarini. Ulimhakikishia kurudi, na hiyo ilikuwa kinga ya kweli. Lakini dhana hiyo hiyo ilimpa mwajiri hoja ya kulipa mshahara wa mtu asiye na familia, kwa kuwa mke na watoto walidhaniwa kulishwa na shamba lililobaki nyumbani. Mlinzi wa kibarua na mtetezi wa ujira duni waliweza kutumia hoja moja, na Orde-Browne hakuweza kuitanzua fumbo hiyo.

Mwaka 1931, wakati wa mdororo wa uchumi, idara yake ilifutwa. Mwaka 1933 alichapisha kitabu chake mashuhuri juu ya kibarua wa Kiafrika, kisha akawa mmoja wa wataalamu wa Shirika la Kazi la Kimataifa, lililopitisha mwaka 1936 mkataba kuhusu uandikishaji wa vibarua wa makoloni. Tangu 1938, akiwa mshauri wa kazi wa Wizara ya Makoloni, alikagua Rhodesia ya Kaskazini, visiwa vya Karibi, Afrika Magharibi na Malaya. Wakati huo Tanganyika ilirejea kwenye shuruti: katika Vita vya Pili watu walilazimishwa kwenda kwenye mkonge, na mwaka 1944 wenye mashamba wakaanzisha SILABU, ofisi yao ya kuandikisha vibarua.

Ripoti yake juu ya Afrika Mashariki ilitoka mwaka 1946. Alifariki mwaka 1947, mwaka ambao mpango wa karanga ulianza Kongwa, mashariki mwa Dodoma, ukivuta maelfu ya vibarua hadi katikati ya Ugogo. Mwezi Desemba mwaka huo vibarua wa Kongwa waligoma.