Walter Rodney: Msomi aliyeileta Mapinduzi ya Urusi darasani Dar es Salaam

MIONGONI mwa wanahistoria waliowahi kufundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ni wachache ambao vitabu vyao vimedumu kama vya marehemu Dkt Walter Rodney.

Rodney alizaliwa mjini Georgetown, Guyana, mnamo Machi 23, 1942, akiwa mwana wa fundi cherehani. Alipata shahada ya uzamifu jijini London mwaka wa 1966, akiwa na umri wa miaka 24 pekee, kisha akaja Dar es Salaam.

Mnamo 1968 alihamia Jamaica, lakini Oktoba mwaka huo serikali ikampiga marufuku kuingia nchini humo na ghasia zikazuka Kingston. Alirejea Tanzania mwaka wa 1969.

Hapo ndipo alipoandaa mihadhara kuhusu Mapinduzi ya Urusi ya 1917. Urusi ilikuwa nchi ya wakulima iliyoachwa nyuma na Ulaya Magharibi, na Tanzania ilikuwa imetangaza Ujamaa mwaka wa 1967. Aliwataka wanafunzi walinganishe wanahistoria wa Magharibi na wa Kisovieti, wajiulize kila mmoja anaandika kwa maslahi ya nani. Licha ya kuwa mfuasi wa Marx, hakusita kuukosoa utawala wa Stalin.

Mwaka wa 1972 alichapisha kitabu chake mashuhuri kuhusu jinsi Ulaya ilivyoidunisha Afrika. Mkazi wa Kiminini, kaunti ya Trans Nzoia, ambako walowezi walihodhi mashamba enzi za ukoloni, hatashangazwa na hoja zake kuhusu ardhi na kazi ya Mwafrika nchini Kenya.

Alirudi kwao mwaka wa 1974, akanyimwa kazi ya ualimu chuoni, akajitosa katika siasa za upinzani dhidi ya Forbes Burnham. Juni 13, 1980, bomu lililofichwa ndani ya redio ya mawasiliano lilimuua akiwa ndani ya gari jijini Georgetown. Tume ya uchunguzi ilihitimisha mwaka wa 2016 kwamba dola ilihusika.

Aliacha mjane na watoto watatu, pamoja na muswada wa mihadhara yake ya Dar es Salaam. Ulichapishwa kuwa kitabu mwaka wa 2018. Rodney aliishi miaka 38. Muswada wake nao ulingoja miaka 38 baada ya kifo chake kabla ya kuwafikia wasomaji.