Woody Strode, Mwigizaji wa Nafasi Ndogo

Huku Uroa, tulikokuja na vijana wa parokia kupumzika siku chache, Kiitaliano si lugha ngeni. Vijana wa ufukweni, tangu Kiwengwa hadi hapa, wamekiokota kwa wageni wa hoteli. Jioni moja mwenzetu akauliza kama Waitaliano waliwahi kutengeneza filamu ambayo Mwafrika ndiye kiini chake, si mpagazi wala mlinzi wa mlango. Ipo moja tunayoijua, na mhusika wake mkuu aliigizwa na Woody Strode, Mmarekani mweusi.

Alizaliwa Los Angeles tarehe 25 Julai 1914. Watu walimjua kwanza uwanjani. Mwaka 1946 yeye na rafiki yake Kenny Washington walichezea Los Angeles Rams, wakavunja mwiko uliokuwa umewaweka weusi nje ya ligi kuu ya mpira wa Kimarekani tangu 1933. Strode alikuwa na miaka 32, umri wa mchezaji kuaga. Akaenda kucheza Kanada, akapigana mieleka, na kila alipopata nafasi akaingia kwenye sinema.

Nafasi zenyewe! Mwaka 1941, katika filamu Sundown, alikuwa askari polisi kwenye hadithi ya Kenya, ingawa Kenya hiyo ilitengenezwa Marekani. Baadaye alipewa watumwa na mashujaa wa porini, wenye misuli mingi na maneno machache. Hata hivyo, mwaka 1960, katika Spartacus, dakika chache zilimtosha. Yeye ni Draba, mtumwa anayelazimishwa kupigana kwa wavu na mkuki wenye ncha tatu ili kuwaburudisha wakubwa wa Roma. (Wavuvi wa hapa wangeutazama wavu ule kwa jicho la fundi.) Anamshinda mwenzake, anaamriwa amuue, anakataa, kisha anawarukia wakubwa wenyewe na kuuawa. Kwa kazi hiyo aliteuliwa kuwania tuzo ya Golden Globe.

Miaka michache baadaye alivuka kwenda kufanya kazi Italia, nchi iliyokuwa ikitoa filamu za makauboi kwa wingi. Mwaka 1968 alionekana mwanzoni mwa filamu ya Sergio Leone, Once Upon a Time in the West: amesimama chini ya tangi kituoni, maji yanadondokea kofia yake tone kwa tone, naye hasogei. Anayanywa kutoka ukingoni mwa kofia. Muda si mrefu amekufa.

Mwaka huohuo mwongozaji Valerio Zurlini alimpa uongozi wa filamu nzima. Seduto alla sua destra ni maneno ambayo sisi tungeyasema hivi: ameketi kuume kwake. Strode ni Maurice Lalubi, kiongozi wa Kiafrika anayekamatwa, kuteswa na kuuawa. Chumba chake cha gereza anakigawana na Oreste, mwizi wa kizungu. Msomaji wa Injili hahitaji kuelekezwa zaidi. Nyuma ya Lalubi amesimama Patrice Lumumba, aliyeuawa Katanga tarehe 17 Januari 1961 pamoja na wenzake Maurice Mpolo na Joseph Okito.

Tulibishana. Lumumba alikuwa mwanasiasa wa damu na nyama, mwenye hasira na mipango; Lalubi amepewa utulivu wa picha ya ukutani kanisani. Tunaona Zurlini alizidisha hapo. Lakini uso wa Strode, uliozoea kunyamaza kwa sababu hakuandikiwa maneno, hapa unanyamaza kama wa mtu anayejua kwa nini anakufa. Filamu ilipangwa kushindana Cannes mwaka huo, na tamasha likavunjwa kwa ghasia za Mei.

Alirudi kwenye nafasi ndogo, zikiwamo za Italia kama Keoma ya 1976, na hakuacha kazi. Alifariki tarehe 31 Desemba 1994. Filamu yake ya mwisho, The Quick and the Dead, ilitoka mwaka uliofuata ikiwa imetolewa kwa kumbukumbu yake. Mwaka huo pia ilitoka Toy Story, ambayo kauboi wake wa kuchezea aliitwa Woody kwa ajili yake.