Kapteni Mbaye Diagne: Askari asiye na bunduki aliyevuka vizuizi 23

NYAMIRAMBO ni mtaa usiolala mapema. Kuanzia Biryogo, ulipo msikiti wa Al-Fatah uliojengwa mwaka 1913, hadi chini ya Mlima Kigali, utasikia Kiswahili madukani, kwenye vibanda vya chai na kwa mafundi cherehani. Mgeni anayepita hapo jioni ataona tabu kuamini kwamba mwaka 1994, kutoka mtaa huu hadi makao makuu ya jeshi la Umoja wa Mataifa upande wa Remera, mtu alilazimika kuvuka vizuizi 23 vilivyowekwa na wauaji.

Yupo askari aliyevivuka, akarudi, akavivuka tena. Hakuwa Mnyarwanda wala hakubeba silaha. Jina lake ni Kapteni Mbaye Diagne, raia wa Senegal.

Tunapozungumzia makamanda na ushujaa, wengi wetu hukumbuka majenerali walioteka miji. Habari za Diagne ni tofauti. Katika siku zilizompa jina hakuwa na kikosi cha kukiamrisha. Hata hivyo, maisha yake yana mafunzo ya uongozi ambayo huenda mtu asiyapate katika vitabu vingi vya vita.

Diagne alizaliwa mwaka 1958 na kukulia Pikine, kitongoji cha watu wa kawaida pembezoni mwa Dakar, katika familia ya watoto wengi. Alisoma Chuo Kikuu cha Dakar, kisha akajiunga na jeshi na kupata mafunzo ya uofisa katika chuo cha kijeshi cha Thiès. Mwishoni mwa miaka ya 1980 na mwanzoni mwa miaka ya 1990 alitumikia Casamance, kusini mwa Senegal, ambako jeshi la nchi yake lilikuwa likipambana na waasi. Kwa hiyo hakuja Rwanda akiwa mgeni wa vita. Alikwishajua bunduki inafanya nini, na pia inashindwa kufanya nini.

Alifika Rwanda mwaka 1993, mwaka ambao mkataba wa amani kati ya serikali na RPF ulitiwa saini mjini Arusha, tarehe 4 Agosti. Baadaye aliingizwa katika kikosi cha Umoja wa Mataifa, UNAMIR, kilichoongozwa na Jenerali Roméo Dallaire wa Kanada. Kazi yake ilikuwa ya mwangalizi wa kijeshi, yaani kuona, kuandika na kutoa taarifa. Waangalizi hawakubeba silaha, na amri ilikuwa wasiingilie kati.

Usiku wa tarehe 6 Aprili 1994 ndege iliyomchukua Rais Juvénal Habyarimana ilitunguliwa, na mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi yakaanza. Asubuhi iliyofuata Waziri Mkuu, Bi Agathe Uwilingiyimana, aliuawa pamoja na mumewe. Askari 10 wa Ubelgiji waliopelekwa kumlinda nao waliuawa. Watoto watano wa Waziri Mkuu walikuwa wamefichwa katika nyumba za wafanyakazi wa Umoja wa Mataifa jirani na hapo, na kila dakika iliyopita iliwaweka karibu zaidi na kifo.

Diagne alipopata habari alikwenda kuwatafuta, na akawakuta. Msaada uliotarajiwa ulipokawia, aliwaingiza katika gari lake, akawafunika na kuwafikisha hoteli ya Mille Collines, alikokuwa akikaa yeye na waangalizi wenzake. Hatimaye watoto hao walitolewa nchini wakiwa hai. Hakuna aliyemwagiza kufanya hivyo. Kwa mujibu wa kanuni za kazi yake, kitendo hicho kilikuwa kosa.

Wiki mbili baadaye, tarehe 21 Aprili, Baraza la Usalama liliamua kupunguza kikosi hicho cha watu wapatao 2,500 hadi watu 270. Wengi waliondoka, Diagne akabaki.

Hapo ndipo Nyamirambo inapoingia. Habari ilimfikia kwamba watu 25 wamejificha katika nyumba moja ya mtaa huo, wakati huo mojawapo ya sehemu za hatari kubwa mjini Kigali. Gari lake lilikuwa moja na halikuweza kuwabeba wote kwa pamoja. Basi aliwachukua watano watano, hadi wakaisha.

Tupige hesabu, msomaji. Watu 25, watano kila safari, ni safari tano. Kila safari ilikuwa na vizuizi 23. Maana yake ni kwamba alisimamishwa mara 115 akiwa na watu ambao wauaji walikuwa wakiwasaka, mbali na safari za kurudi na gari tupu. Katika kila kizuizi palikuwa na vijana wenye mapanga, marungu na bunduki, wengine wamelewa, na yeyote kati yao angeweza kumaliza habari yote kwa neno moja.

Alipitaje? Aliwajua waliokaa vizuizini, na wao wakamzoea. Aligawa sigara, alitoa fedha au chakula ilipobidi, na zaidi ya yote alikuwa na utani na tabasamu lisilokwisha. Siku moja Mark Doyle, mwandishi wa BBC, alikuwa naye garini. Mpiganaji mmoja alidhani mzungu huyo ni Mbelgiji, na Wabelgiji walikuwa wakichukiwa mno. Diagne akadakia kwamba Mbelgiji ni yeye, Mbelgiji mweusi. Yule kijana akacheka, na gari likaruhusiwa kupita.

Tusije tukadhani ulikuwa mchezo. Utani wa namna hiyo unahitaji moyo mgumu kuliko kufyatua risasi. Mwenye bunduki anaweza kujificha nyuma yake. Diagne alijificha nyuma ya maneno tu, na maneno huweza kukosea mara moja ikatosha.

Mkuu wake, Jenerali Dallaire, alijua kinachoendelea. Angeweza kumwadhibu kwa kuvunja amri, lakini hakumzuia. Hili nalo ni funzo kwa viongozi. Jeshi bila nidhamu ni genge, na kila ofisa akijiamulia lake hakuna kikosi tena. Lakini katika Kigali ya mwaka 1994, mji ulijaa watu waliokuwa wakitekeleza maagizo, na maagizo yenyewe yalikuwa ya kuua. Utii peke yake haumfanyi mtu kuwa askari mwema. Kiongozi hupimwa siku ile karatasi ya amri inaposema jambo moja na roho ya binadamu iliyo mbele yake inasema jingine.

Idadi kamili ya aliowaokoa haijulikani, kwa kuwa hakuweka orodha wala hakujitangaza. Makadirio hutaja mamia ya watu.

Tarehe 31 Mei 1994 Diagne alikuwa akiendesha gari peke yake, akipeleka ujumbe kwa Jenerali Dallaire. Alisimama kwenye kizuizi cha jeshi la serikali, kama alivyosimama mara nyingi kabla ya hapo. Mapigano kati ya jeshi hilo na RPF yalikuwa yakiendelea, na kombora la mota likaanguka nyuma ya gari. Kipande kimoja kilimpata kichwani, akafa papo hapo akiwa na umri wa miaka 36. Zilikuwa zimebaki siku chache tu arudi nyumbani. UNAMIR ilikuwa imeishiwa kila kitu, hata mfuko wa kubebea maiti haukupatikana, na wenzake wakamfunika kwa turubai. Aliacha mke na watoto wawili wadogo.

Heshima zilikuja taratibu. Mwaka 2010 Rwanda ilimtunuku nishani ya Umurinzi, ambayo ilipokewa na mjane wake, Bi Yacine. Mwaka 2014 Baraza la Usalama lilianzisha medali ya ushujaa wa pekee yenye jina la Diagne, na mwaka 2016 familia yake ikawa ya kwanza kuipokea. Baraza lile lile lililopunguza kikosi chake ndilo lililokuja kumweka kuwa mfano kwa walinda amani wote.

Ushujaa wake haukuwa katika safari ya kwanza peke yake. Safari ya kwanza mtu anaweza kwenda kwa kutojua. Ya pili tayari unazijua sura za waliokaa vizuizini, na ya tano unajua kwamba bahati haina mkataba na mtu. Diagne alikwenda hiyo ya tano, kwa sababu ndani ya nyumba ile ya Nyamirambo walikuwa wamebaki watu watano.

Mwenyezi Mungu ailaze roho yake mahali pema peponi. Amina.