Georges Delerue: mtoto wa usini aliyetunga muziki ya sinema

Filme tunaijua kwa sura za wachezaji. Mwenye kutunga muziki yake, jina linapita kwa herufi ndogo, wakati watu wamekwisha kusimama. Georges Delerue alikuwa mtu wa hizo herufi ndogo, na alitoka mu nyumba ya wafanyakazi, kama nyumba zetu.

Alizaliwa tarehe 12 Machi 1925 ku Roubaix, kaskazini mwa Ufaransa, mji wa mashini za kufuma nguo. Baba alikuwa kapita mu usini ya vyuma. Mama alipenda kuimba, na babu aliongoza kwaya. Mtoto akajifunza klarineti. Lakini franga hazikutosha: akaacha masomo ya kila siku, akaingia usini kusaidia nyumba. Muziki hakuiacha. Alipiga ku ndoa, ku batizo, ku maziko, hata mu mabaa.

Siku moja akaanguka na kinga. Mgongo ukapinda, akauguzwa muda mrefu. Mu ule ugonjwa njo alikata shauri: atakuwa mtunzi.

Mwaka 1945 akaingia Conservatoire ya Paris, na Darius Milhaud akawa mmoja wa walimu wake. Mwaka 1949 akapata zawadi ya pili ya Prix de Rome. Kisha sinema ikamwita. Alitunga muziki ya Jules et Jim ya François Truffaut mu 1962, na ya Le Mépris ya Jean-Luc Godard mu 1963. Ku televizyo, yeye njo aliandika muziki ya Jacquou le Croquant mu 1969, na ya Les Rois maudits mu 1972.

Kazi hiyo si ya mchezo. Mtunzi anaangalia picha, anapima kila sehemu kwa segonde, na siku za kumaliza ni chache. Delerue aliandika mwenyewe sehemu ya kila chombo, akaongoza mwenyewe wapigaji. Mu 1980 akapewa Oscar kwa A Little Romance, kisha akahamia Marekani.

Hata huko alipata pigo. Alimaliza muziki ya filme moja iliyotoka 1983, Something Wicked This Way Comes. Wenye filme wakaiweka pembeni yote, wakampa kazi James Horner. Delerue akashika kalamu tena, kazi ikaendelea.

Alikufa Los Angeles tarehe 20 Machi 1992, miaka 67, akiwa ametoka tu kurekodi muziki ya Rich in Love. Aliacha kazi zaidi ya 300 za sinema na televizyo.

Mzazi, kama mtoto wako anatoka kazi na magaribi anashika gitare, umuache apige.